Tulimpoteza mmoja kwa parvo. Tulete mwingine?

Barua

Shikamoo Daktari,

Nyumba yetu ina mikia minne. Yupo Sajini, mbwa dume wa miaka saba. Asali, jike wa miaka mitatu. Na paka wawili, mama na mwanawe ambaye siku hizi ni mkubwa kuliko mama. Miezi mitatu iliyopita kulikuwa na mkia wa tano. Tulinunua mtoto wa mbwa wa wiki tisa, wanangu wakamwita Pilipili kwa jinsi alivyokuwa hatulii. Aliyetuuzia alituapia kwamba "huyu kashachanjwa, hana neno". Hakutupa kadi, nami kwa furaha ya watoto sikuidai.

Siku ya tano tangu tumlete, Pilipili hakugusa chakula. Nikasema ni ugeni. Siku ya sita akatapika povu la njano, usiku akaanza kuhara, na kulipopambazuka alikuwa anahara damu. Harufu yake ningali naisikia puani. Tulimkimbiza kliniki, wakapima kinyesi wakasema ni parvo, wakamwekea dripu. Hakuiona asubuhi iliyofuata.

Tangu siku hiyo napiga deki kama mtu aliyelaaniwa. Natumia ile dawa ya kuua vijidudu ambayo ukiitia kwenye maji inageuka nyeupe kama maziwa, asubuhi na jioni. Wifi yangu anashikilia kwamba paka ndio walioleta ugonjwa, maana hawajawahi kuchanjwa na wanazurura wanakotaka. Mume wangu anasema Asali ndiye, kwa sababu aliharisha siku mbili wiki ile ile kisha akapona. Mimi usiku najiuliza kama si mimi mwenyewe, niliyempitisha nje kwenye nyasi siku ya kwanza ili ajisaidie.

Sasa kaka yangu, ambaye haishi mbali, mbwa wake amezaa. Watoto wana wiki tano. Mama yao amechanjwa vizuri, kadi nimeiona kwa macho yangu. Kaka anataka kutupa mmoja akifikisha wiki saba na wanangu wameshamchagua. Naogopa kumleta, na naogopa kuwanyima. Je, nyumba yangu ni salama sasa? Nifanye nini na hawa wanne? Na jambo la mwisho, utanicheka: mwanangu wa kati analala na mkanda wa shingo wa Pilipili chini ya mto wake. Ni wa nailoni, mwekundu. Niutupe?

Mama wa Mikia Minne

Jibu

Marahaba, mama, na pole sana kwa Pilipili.

Nianze na kesi iliyofunguliwa hapo nyumbani kwako, kwa sababu washtakiwa ni wengi mno. Tangu mbwa aokote kirusi cha parvo hadi aonyeshe dalili hupita kwa kawaida siku tatu hadi saba, na pengine hata wiki mbili. Pilipili aliugua siku ya tano. Kwa hesabu hiyo anaweza kuwa alitoka nacho huko alikonunuliwa, kimo tumboni tayari wakati mnambeba kwa shangwe, au alikipata kwenu siku ya kwanza. Hakuna daktari atakayekuambia ni lipi kati ya hayo, na atakayesema anajua usimwamini. Zile nyasi ziache zipumzike.

Paka nao nina neno la kuwatetea, ingawa si la kuwaachia huru kabisa. Parvo ya mbwa ni ugonjwa mchanga. Ilitambulika mwaka 1978, na ndani ya miaka kama miwili ilikuwa imezunguka dunia nzima, kwa sababu hakuna mbwa aliyekuwa na kinga dhidi yake. Ilitokana na jamii ya kirusi kinacholeta ugonjwa wa paka uitwao panlukopenia, ambao nao ni wa kuhara, kutapika na kushuka kwa chembe nyeupe za damu. Kwa hiyo wifi hajakosea kunusa undugu. Ila kirusi cha panlukopenia chenyewe hakiwaletei mbwa ugonjwa. Mambo huenda upande wa pili: aina za parvo ya mbwa zinazotembea leo zinaweza kumwingia paka asiye na kinga. Paka wako ndio waliokuwa hatarini kwa sababu ya Pilipili. Wapeleke wakachanjwe, chanjo ya kawaida ya panlukopenia huwakinga pia na ya mbwa kwa kiasi kizuri. Kama yule mama ana mimba, mwambie daktari kabla hajashika sindano, kwa sababu chanjo yenye kirusi hai inadhuru vitoto vilivyomo tumboni.

Asali sasa. Mbwa mkubwa mwenye kinga anaweza kukutana na kirusi asiumwe lolote, au akaharisha kidogo akaendelea na maisha yake. Anaweza pia kuwa alikula panya. Sikuona hapa kosa la mtu wala la mnyama, isipokuwa lile neno moja ulilouziwa pamoja na mbwa: "kashachanjwa".

Hili ndilo ninalotaka ulishike, hata kama mengine yote yatakuponyoka. Mtoto wa mbwa huzaliwa karibu mikono mitupu. Kinga yake ya kwanza anaipata kwenye dang'a, yale maziwa mazito ya mwanzo, na utumbo wake huipitisha kwa siku moja tu ya kwanza, kisha mlango unafungwa. Aliyenyonya sana anapata nyingi, aliyesukumwa pembeni na nduguze anapata kidogo. Kuanzia hapo kinga hiyo ya mama inapungua nusu kila baada ya siku kumi hivi. Ukihesabu kwa mia, siku ya kumi zimebaki hamsini, ya ishirini ishirini na tano, na akifika wiki sita zimebaki kama sita.

Tatizo ni kwamba kinga ya mama haijui kutofautisha kirusi cha barabarani na kile kilichodhoofishwa cha kwenye chanjo. Inaviua vyote viwili. Ukimchanja mtoto wakati kinga ya mama bado ina nguvu, umechanja bure: sindano imeingia, mwili haukujifunza kitu. Baadaye kinga hiyo inashuka hadi kiasi ambacho hakiwezi tena kumlinda na kirusi cha kweli, lakini bado kinatosha kuizima chanjo. Kipindi hicho ni kama mlango uliobaki wazi kati ya walinzi wawili, mmoja ameshaondoka na mwingine hajafika. Kwa mtoto mmoja kinaweza kuja akiwa na wiki nane, kwa nduguye wa tumbo lile lile kikaja akiwa na kumi na mbili. Kwa kumtazama huwezi kujua.

Ndiyo maana tunachanja mara kadhaa. Watu hudhani tunaongeza nguvu, dozi juu ya dozi. Kwa parvo tunachofanya hasa ni kurudia kubisha hodi hadi siku tutakayomkuta kinga ya mama imeondoka. Tunaanza akiwa na wiki sita hadi nane, tunarudia kila baada ya wiki mbili hadi nne, na dozi ya mwisho ya mfululizo huo haipaswi kutolewa kabla hajatimiza wiki kumi na sita. Hiyo ya wiki kumi na sita ndiyo watu wanayoiruka, kwa sababu wakati huo mbwa ameshakua, ana afya na anakula viatu. Kisha kuna nyingine akiwa na miezi sita au zaidi, ya kumnasa yule mmoja aliyeponyoka zote. Baada ya hapo miaka mitatu inaweza kupita kabla ya kurudia ya parvo, ingawa chanjo za magonjwa mengine zina ratiba zake.

Basi Pilipili hata kama kweli alichomwa sindano moja kabla ya kuuzwa, alikuwa bado yuko mlangoni. Na mimi nina shaka na sindano yenyewe. Chanjo hizi hukaa kwenye baridi ya nyuzi 2 hadi 8 za Selsiasi. Ikishinda juani, au ikigandishwa kwenye friza, inabaki maji yenye lebo nzuri. Kadi yenye kibandiko cha chupa, tarehe na sahihi ya daktari ndiyo chanjo. Kiapo cha muuzaji hakina namba ya toleo.

Tuje kwenye nyumba. Miezi mitatu, nasikitika, haitoshi kuitangaza salama. Kirusi cha parvo hakina ule utando wa mafuta ambao sabuni na spiriti huuyeyusha kwenye virusi vingine, kwa hiyo kinavumilia vitu vingi ambavyo sisi tunaviita dawa. Ndani ya nyumba kinaweza kukaa miezi kadhaa. Kwenye udongo wenye kivuli na unyevu kinaweza kufikisha mwaka. Na ile dawa yako inayogeuka maziwa, samahani kwa taabu uliyojipa, hakuna ulichokiua nayo hapa. Baya zaidi, dawa nyingi za namna hiyo zina fenoli, na ini la paka haliwezi kuivunja. Paka anapita juu ya sakafu mbichi, anakaa, analamba nyayo. Iache kabisa.

Kinachofanya kazi, na ambacho hakika unacho, ni jiki ya kufulia, ile isiyo na manukato. Changanya sehemu moja ya jiki na thelathini za maji, yaani mililita 200 kwenye ndoo yenye lita sita. Lakini kabla ya jiki, osha kwanza kwa maji na sabuni, sugua, suuza. Jiki ikikutana na uchafu inamalizia nguvu zake kwenye uchafu na kirusi kinabaki kinakutazama. Sakafu ikishakuwa safi, imwagie mchanganyiko, iache imelowa dakika kumi kamili (weka saa, dakika kumi ni ndefu kuliko unavyodhani), kisha suuza na uache ikauke. Changanya mpya kila siku, fungua madirisha, wanyama wawe nje. Usiichanganye na siki wala dawa nyingine ya choo, na mkojo uoshe kwanza kwa maji matupu, kwa sababu jiki ikikutana na amonia ya mkojo inatoa hewa inayochoma mapafu.

Vya mbao na vya sponji alivyotumia Pilipili, kitanda chake, midoli ya kutafuna, vitupe. Bakuli la chuma linasafishika. Zulia sina imani nalo. Udongo wa uani huwezi kuusafisha kwa jiki, ukijaribu utaua nyasi tu; okota kinyesi kila siku, fyeka matawi jua lipige, usiruhusu maji yatuame, na pale Pilipili alipoharia pahesabu kuwa na kirusi kwa mwaka mzima.

Kwa hiyo ushauri wangu kwa yule wa kaka: usimlete akiwa na wiki saba. Mwombe kaka akae naye hadi amalize dozi ya wiki kumi na sita, kisha mwongezee wiki mbili mwili upate nafasi ya kujenga kinga. Najua wanao watanuna. Lakini nyumba ya kaka haijapita ugonjwa, mama mbwa amechanjwa, na huyo mtoto yuko mahali pazuri kuliko pote anapoweza kuwa. Tena kwa kuwa mama yake ana kinga nyingi, huenda akawa mmoja wa wale ambao chanjo za mwanzo zinagonga mwamba. Kwake dozi ya mwisho ndiyo ya maana kuliko zote.

Utaniuliza, je, atawazoea watoto? Swali zuri, kwa sababu mbwa hujifunza kuwazoea watu na mambo ya dunia hasa kati ya wiki ya tatu na ya kumi na nne, na mbwa aliyefungiwa ndani kipindi chote hicho anaweza kukua mwoga au mkali. Basi wanao waende kwa kaka. Waende mara nyingi. Ila hapa ndipo pa kuwa makini kuliko pote, na watu hawapafikirii: hatari kwa mtoto huyo ni ninyi. Kirusi hakina miguu, kinatumia yenu. Viatu vinavyokanyaga uani kwenu visiingie kwa kaka. Wavae nguo zilizotoka kabatini, viatu wavulie nje ya mlango, wanawe mikono kwa sabuni na maji yanayotiririka kabla ya kumshika. Ile jeli ya mikono yenye spiriti haisaidii hapa. Na Sajini na Asali wasiende kumsalimia kwanza, hata wawe wapole vipi. Manyoya na nyayo hubeba kile ambacho mwenye nyayo hakimdhuru.

Nikuungamie jambo. Mwaka wangu wa kwanza kazini nilitoka kumhudumia mbwa mwenye parvo, nikanawa mikono hadi viwiko, nikabadili koti, nikaenda nyumba ya pili kuwachanja watoto sita. Viatu sikubadili. Wiki iliyofuata wanne kati yao walikuwa wanatapika. Siwezi kuthibitisha kwamba ni mimi. Tangu siku hiyo nina jozi mbili za buti za mpira garini na ndoo ya jiki.

Ikiwa kaka hawezi kukaa naye, na mambo kama hayo hutokea, basi mlete akiwa na wiki nane au zaidi na dozi ya kwanza kwenye kadi, na umtengee chumba ambacho Pilipili hakuwahi kukanyaga, chenye sakafu ya kuosheka, bakuli zake, tambara lake na ndara za humo tu zinazokaa ndani ya mlango. Ajisaidie humo humo juu ya magazeti, uani asishuke. Asubuhi mhudumie yeye kwanza, ndipo uende kwa wakubwa. Ukianza na wakubwa umempelekea kila walichokanyaga. Mpe dawa ya minyoo kwa ratiba ya daktari, maana mtoto mwenye minyoo akipata parvo huumia maradufu. Awaone wakubwa kupitia geti au mlango wenye wavu hadi amalize chanjo. Wiki mbili za kwanza mwangalie kama mgonjwa hata akiwa mzima, kwa ile hesabu ya siku niliyokupa juu.

Sajini na Asali, toa kadi zao leo. Kama yupo ambaye hujui alichanjwa lini, kwa mbwa mkubwa dozi moja ya chanjo hai kwa kawaida inamtosha kwa parvo, na hilo lifanyike kabla mgeni hajaja.

Na dalili. Usisubiri damu. Damu inakuja siku ya pili au ya tatu, na wengine haiji kabisa. Mtoto wa mbwa ambaye jana alikuwa anararua mapazia na leo amejikunja pembeni hataki chakula, huyo aende kliniki saa hiyo, na akitapika mara mbili usiulize mtu. Parvo hupenda chembe zinazozaliwa kwa haraka: inakwangua ukuta wa utumbo na kuingia kwenye uboho panapotengenezwa chembe nyeupe za damu. Maji yanamwagika, bakteria wa tumboni wanapenya hadi kwenye damu, na askari wa kuwazuia hawapo. Mtoto asiyetibiwa hufa mara nyingi kuliko anavyopona. Anayewahi dripu, dawa ya kuzuia kutapika na antibiotiki za kuwazuia hao bakteria ana nafasi nzuri ya kuishi. Kumnywesha kwa nguvu mbwa anayetapika, au kumpa vidonge vya watu vya kuzuia kuhara, ni kupoteza yale masaa yenyewe. Piga simu kliniki kabla hujafika, mbebe mikononi, na usimweke chini kwenye sakafu ya watu wanaosubiri na watoto wao wa mbwa. Kumbuka pia kwamba huanza kutoa kirusi kwenye kinyesi siku chache kabla hata hajaonekana mgonjwa, na huendelea wiki mbili hivi. Kwa wanao usihofu: parvo ya mbwa haiwashiki binadamu.

Sikukucheka kuhusu mkanda. Usiutupe. Mwombe mwanao akukopeshe kwa mchana mmoja, mwambie ukweli kwamba mkanda una kirusi nawe unataka kuuosha ili mbwa ajaye asiumwe. Usugue kwa sabuni na brashi hadi kwenye mishono, suuza, ulaze kwenye ile ndoo ya jiki kwa dakika kumi na tano, suuza tena, uanike juani. Foronya na shuka za kitanda chake zifuliwe siku hiyo hiyo kwa maji ya moto na jiki. Mkanda utapauka, na hilo mwambie mapema: ukitoka juani utakuwa wa waridi.